Mguu wa Kulia

Faili limeletwa saa tano, lina duara la kikombe cha chai.
Daktari kaandika mstari mmoja tu,
mwandiko wa mtu anayeitwa kwingine:
kidole cha mguu, kimepondeka.
Basi.
Kipi? Cha mguu upi?

Mimi ni karani wa rekodi, chumba cha nyuma,
ukuta mmoja na mahali pa kufulia mashuka.
Panka inazunguka kama inayodaiwa.
Kazi yangu kugeuza maumivu yawe nambari
ili watu wa bima wayalipe bila kuyaona.
S tisini na saba, nukta, moja:
hapo ndipo vinapokaa vidole vya mguu vilivyopondwa.
Si vilivyovunjika, hivyo vina chumba chao,
wala vilivyokatika, navyo vina chao.
Maumivu yote yamepangwa kama nyumba ya Kiswahili,
ukumbi katikati, milango huku na huku,
lakini utabishaje hodi hujui kulia ama kushoto?

Nilipokuwa najifunza nilijitungia ubeti, nisisahau:

    Kulia andika moja, kushoto andika mbili,
    Gumba lina yake hoja, vidogo vina ya pili,
    Kama hujajua, ngoja, uulize mwenye mwili,
    Tisa ni ya wasongoja, wanaokwepa suali.

"Weka tisa," asema Bwana Shekue, hajainua macho.
"Tisa maana yake haikutajwa. Itapita."
Kweli itapita.
Mengi humu ndani yamepita na tisa.

Nikachukua kalamu, nikapanda wadi ya wanaume.

Chirima Mwero, miaka thelathini na minne, hamali wa Shimanzi,
shuka hadi kifuani, macho kwenye dari.
"Ni mguu upi?"
"Wa kulia."
Nikaandika. Akageuza shingo.
"Wa kulia, na sijalia bado.
Aliyelia ni mke wangu."

Kisha akanambia nisichomuuliza:
bunda la mabati,
mnyororo ulioliwa na kutu tangu kabla ya Ramadhani,
ndara za buluu miguuni,
na buti jozi kumi na mbili kabatini mwa msimamizi,
zingali na karatasi zake za dukani,
hutolewa siku ya mkaguzi, zikapigwa picha, zikarudi.

"Na kidole kilikuwa kinafanya nini?"
(Fomu inataka kujua.)
"Hakikufanya kitu, dadangu. Kilikuwa mahali pake."

Hilo sina pa kuliandika.

Nimeshuka. S tisini na saba, nukta, moja, moja, moja.
Vijiti vitatu vimesimama wima, vizima, havina habari.
Mwishoni A: mara ya kwanza kutibiwa.
Halafu sababu, kitu kilichoanguka:
W ishirini, nukta nane, X, X, A.
Hizo X hazisemi neno, zimewekwa kujaza nafasi.
Nilizitazama mpaka panka ikazimika, umeme umekwenda.
Kabati lingeenea hapo.
Na ufunguo. Na mwenye ufunguo.

Mzigo mzito mpe Mnyamwezi, walisema.
Hawakusema umpe akiwa na ndara.

Wiki ya tatu amerudi, kucha hana,
nyama imeanza kufunga, rangi ya zambarau.
Nimeacha A, nimeandika D: matibabu yanaendelea.
Mguu wa kushoto amevaa buti,
la kulia amelikumbatia kwapani, jipya,
karatasi imo ndani bado.
"Wametugawia," akasema.

Nikalishika, nikaligeuza, ndiyo kazi yangu,
nikasoma nambari kwenye soli.
Tisa.

"Mimi huvaa saba," akasema.
"Lakini hawakuuliza."